Timu Ikitolewa Mapema, Filamu Itabaki na Nini?

Swali la msomaji: Mimi ni mwalimu wa sekondari na nimejifunza kupiga video mwenyewe. Msimu ujao nataka kutengeneza dokumentari kuhusu timu ya wasichana ya mpira wa wavu ya shule yetu. Nina kamera moja, maiki mbili zisizo na waya na msaidizi mmoja. Kinachoninyima usingizi ni hiki: wakitolewa raundi ya kwanza, si nitabaki bila filamu? Na kwa vifaa hivi nianzie wapi?

Jibu:

Mwalimu, nianze na hicho kinachokunyima usingizi, maana ndicho kitakachoamua mengine yote. Ukiipanga filamu yako kama safari ya kuelekea fainali, umeikabidhi kwa mpira, na mpira hauna huruma. Kifundo kimoja cha mguu kikiteguka, mpango wote umekwisha. Ukiipanga juu ya wasichana wenyewe na kile ambacho kila mmoja anakitafuta kwenye timu hiyo, kutolewa mapema kunakuwa tukio mojawapo tu, na mara nyingi huwa zito kuliko ushindi.

Mfano mkubwa katika fani hii ni Hoop Dreams, dokumentari ya Marekani iliyotoka mwaka 1994. Steve James na wenzake, Frederick Marx na Peter Gilbert, walianza wakikusudia filamu ya nusu saa kuhusu mpira wa kikapu wa mitaani Chicago. Waliishia kuwafuata vijana wawili, William Gates na Arthur Agee, katika miaka yao yote ya sekondari. Walirekodi zaidi ya saa 250, na filamu ikatoka na urefu wa karibu saa tatu. Kati ya wale vijana hakuna aliyewahi kucheza NBA, ligi kuu ya kulipwa ya mpira wa kikapu Marekani. William aliumia goti. Arthur aliondoka kwenye shule binafsi iliyokuwa imemchukua kwa ajili ya kipaji chake, kwa sababu nyumbani karo iliwashinda, akahamia shule ya umma. Na moja ya sehemu ambazo watu huikumbuka zaidi haina mpira hata kidogo: ni mama yake Arthur, Sheila, akihitimu mafunzo ya usaidizi wa uuguzi akiwa na alama za juu kuliko darasa zima. Sehemu ile inagusa kwa sababu tumeshaiona nyumba yao ikikatiwa umeme, kwa hiyo tunajua cheti kile kimetoka wapi. Sijui sehemu nyingine inayofundisha kazi hii vizuri kuliko hiyo. Waliipata kwa kuwa waliendelea kwenda kwenye familia ile hata wakati kijana hakuwa na mechi yoyote ya maana.

Basi chagua wahusika kabla hujachagua lenzi. Usianze na mfungaji bora. Kaa na timu wiki kadhaa bila kurekodi au ukirekodi kidogo tu, na kwa kila msichana jiulize: anataka nini msimu huu, nini kinamzuia, na je, jibu litapatikana kabla msimu haujaisha hata kama timu haishindi kitu? Yule anayetaka kuwa nahodha. Yule ambaye baba yake anaona michezo inamharibia masomo. Yule aliyekuwa akianza kila mechi mwaka jana na mwaka huu nafasi yake imechukuliwa na msichana wa kidato cha chini yake. Huyo wa mwisho ningemfuata leo hii, kwa sababu kila mechi inamletea jambo, iwe timu imeshinda au imefungwa, na sehemu kubwa ya jambo hilo utaiona usoni akiwa benchi. Anza na watano, usimtangazie yeyote kwamba ndiye mhusika mkuu, na uache msimu wenyewe ukuonyeshe wawili au watatu. Kwenye timu ya sekondari, tetesi kwamba "filamu ni ya fulani" huvunja urafiki haraka kuliko kupoteza mechi.

Tazama pia libero wako. Yule msichana mwenye jezi ya rangi tofauti hupokea mpira mgumu kuliko wote, haruhusiwi kupiga mpira wa kushambulia ulio juu ya wavu, na watazamaji wengi hawajui anafanya nini pale. Mtu wa namna hiyo ni zawadi kwa mwongozaji, kwa sababu kumweleza yeye ni kuueleza mchezo mzima.

Sasa nije kwenye jambo ambalo hukuliuliza, na kwangu ndilo zito kuliko yote. Wewe ni mwalimu wao. Unasahihisha mitihani yao. Mwanafunzi akiombwa ridhaa na mwalimu wake, atasema ndiyo, na ndiyo hiyo haina thamani kama hana njia ya kusema hapana bila kuogopa. Kwa hiyo usikusanye fomu za ridhaa mwenyewe. Mtafute mtu mzima asiyewafundisha na asiyewachagua kwenye timu, kwa maana hiyo kocha naye hafai, azungumze na wazazi kisha azungumze na kila msichana peke yake. Saini ya mzazi au mlezi inahitajika kisheria sehemu nyingi, lakini haitoshi. Mkataba wa Haki za Mtoto wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1989, unaomhesabu mtoto kuwa mtu aliye chini ya miaka 18, unampa haki ya kusikilizwa katika mambo yanayomhusu, kifungu cha 12, na haki ya faragha, kifungu cha 16. Msichana akikataa na mama yake akakubali, jibu ni hapana. Atakayetimiza miaka 18 kabla hujamaliza atie saini yake mwenyewe upya.

Na ridhaa si ya siku moja. Aliyekubali mwanzoni mwa msimu, akiwa na furaha ya kuteuliwa, hakujua kwamba baadaye ungemkuta akilia kwenye korido. Siku kama hiyo rekodi kama upo na kama haikumuumiza zaidi, lakini rudi kwake siku moja au mbili baadaye, umwambie ulichonacho, umuulize. Wekeni pia ishara, mkono juu au neno moja, ambayo yeyote akiitoa kamera inashuka pale pale bila maswali. Wataijaribu mara mbili tatu mwanzoni kuona kama unasema kweli. Ishushe kila mara.

Chumba cha kubadilishia nguo: usiingie na kamera hadi kila mtu awe amevaa, na msaidizi wako anayeingia awe mwanamke. Hili lisiwe na mjadala hata siku moja. Hotuba ya kocha inaweza kurekodiwa nje ya mlango, kwenye korido, wakiwa wamemzunguka, na picha haipotezi kitu.

Amua pia sasa, kabla ya msimu, utafanya nini ukishuhudia jambo baya. Mchezaji amegonga kichwa, anayumba, na kocha anataka arudi uwanjani kwa kuwa seti ni ya mwisho. Wewe una kamera mkononi. Msimamo wangu ni kwamba unaiweka chini na unasema. Mtu anayedhaniwa amepata mtikisiko wa ubongo hatakiwi kuendelea kucheza siku hiyo, na hakuna picha inayostahili kupatikana kwa wewe kunyamaza. Vivyo hivyo kwa kocha anayetukana hadi kudhalilisha, au mwanafunzi anayekueleza kwenye mahojiano jambo la hatari la nyumbani kwao. Jua mapema ni nani shuleni anapaswa kupokea taarifa hiyo, na umwambie msichana kabla hamjaanza mahojiano kwamba kuna mambo ambayo huwezi kuyaweka siri. Kwenye dokumentari za watu wazima tunaweza kubishana kuhusu mwongozaji kuingilia kati. Kwenye filamu ya watoto sioni cha kubishania.

Haya, vifaa. Kamera moja inatosha, na kwa mpira wa wavu ina faida yake: uwanja ni mita 18 kwa 9, wachezaji ni sita kila upande, na timu hazichanganyikani. Shida ya kamera moja ni tamaa ya kufuata mpira. Usiufuate. Ukiufuata utapata saa nyingi za picha inayoyumba kulia na kushoto ambayo mhariri hawezi kuitumia. Mechi yenyewe, kwa ajili ya kumbukumbu ya nani alifunga nini, irekodiwe na simu iliyofungwa juu kwenye stendi nyuma ya uwanja, ikiachwa hapo kutoka mwanzo hadi mwisho. Kamera yako nzuri iwe kwa ajili ya watu.

Nikupe mfano wa karibu. Chini ya kanuni za kimataifa, mchezaji anayeanzisha mpira ana sekunde 8 baada ya filimbi. Sekunde hizo, ukumbi wote unamtazama msichana mmoja. Wengine huudundisha mpira mara tatu, wengine hufuta kiganja kwenye kaptula, mwingine hunong'ona kitu ambacho hutakisikia. Weka lenzi ndefu, mkamate uso wake kuanzia filimbi, na mpira ukishaondoka mkononi USIMWACHE. Baki naye. Macho yake yataufuata mpira, na usoni mwake tutaujua mwisho wa pointi kabla ubao haujabadilika. Fanya hivyo kwa wahusika wako watatu katika kila mechi, na ukifika kwenye uhariri utakuwa na msimu mzima wa kila mmoja katika picha moja inayojirudia na kubadilika. Fanya hivyo hivyo kwa benchi. Mechi zinazofanana hutofautishwa na nyuso, si na smashi.

Kaa upande mmoja wa uwanja mechi nzima. Ukivuka kwenda upande wa pili katikati ya seti, timu yako iliyokuwa ikishambulia kuelekea kulia itaonekana ikishambulia kuelekea kushoto, na mtazamaji hajui nani ni nani. Timu zikibadilishana pande baada ya seti, chukua picha pana inayoonyesha mabadiliko hayo ili umsaidie. Ubao wa pointi upige kila unapopata nafasi. Hakuna anayependa kuupiga, na kila mhariri huutafuta.

Sauti ndiyo itakayokutofautisha na jukwaa la wazazi wenye simu. Maiki moja mvike kocha, kwa ridhaa yake, ukimkumbusha kuizima anapozungumza faragha na mzazi au daktari. Ya pili usimvike mchezaji kwenye mechi, itamsumbua na huenda mwamuzi akaikataa. Mvike wakati wa kupasha misuli, kwenye basi, na kwenye mazoezi. Taimauti za kimataifa ni sekunde 30 tu, kwa hiyo kaa tayari: kamera iwe imeshasogea kwenye benchi kabla kocha hajamaliza kunyoosha mkono kuiomba. Kisha, ukumbi ukiwa mtupu, rekodi dakika kadhaa za kimya chake. Viatu vikilia kwenye sakafu, mpira ukigonga mikono, mwangwi wa filimbi, hivyo navyo virekodi kwa karibu siku ya mazoezi. Sehemu kubwa ya hisia za mechi utakayoihariri itatoka hapo.

Taa za ukumbi zinaweza kukuharibia kila kitu kwa kumetameta. Umeme wa hertzi 50 unataka kasi ya shata, yaani muda ambao kamera hupokea mwanga kwa kila picha, ya sekunde 1/50 au 1/100, na wa hertzi 60 unataka 1/60 au 1/120. Ukitaka mwendo wa polepole, nenda ukumbini kabla ya msimu, piga majaribio na uyatazame kwenye skrini kubwa, kwa sababu kwenye kioo kidogo cha kamera mmetameto hauonekani.

Kuhifadhi: kamera inayorekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde hula takriban gigabaiti 45 kwa saa. Saa 100 za picha ni terabaiti nne na nusu, na kwa kuwa lazima uwe na nakala mbili zinazokaa nyumba tofauti, panga nafasi ya terabaiti 9 angalau. Kila usiku nakili, taja tarehe na mpinzani kwenye jina la folda, na uandike mistari mitatu ya kilichotokea. Mistari hiyo mitatu itakuokolea wiki nzima miezi kadhaa baadaye.

Jambo linaloangusha filamu nyingi za michezo ya shule ni muziki unaopigwa kwenye spika ya wachezaji. Wimbo maarufu ukisikika nyuma ya mazungumzo yao, unahitaji kibali cha mwenye utunzi na kibali cha mwenye rekodi, na zaidi ya hapo huwezi kukata mazungumzo bila wimbo kuruka. Waombe wapunguze sauti au wazime unaporekodi maneno. Hilo haliharibu uhalisia wa filamu yako. Uliza pia mapema nani ana haki ya picha za mashindano: mara nyingi ni chama kinachoyaendesha, na kibali cha mkuu wa shule yako hakifiki kwenye uwanja wa watu wengine. Wachezaji wa timu pinzani nao ni watoto, na hawajakupa ridhaa yoyote. Waonyeshe kwa picha pana, na usikae kwenye uso wa msichana wa upande wa pili aliyekosea.

Usimpe mchezaji pesa wala zawadi kabla hujasoma kanuni za mashindano yake kuhusu wachezaji wa ridhaa, yaani wasiolipwa. Kuna mahali ambapo malipo yanaweza kumfungia mlango wa ufadhili wa chuo. Kama filamu itakuja kuingiza kitu, familia zistahili kupata sehemu yake, na makubaliano hayo yaandikwe mapema wakati bado hakuna cha kugombania.

Kuhusu mahojiano, fanya ya aina mbili. Moja mafupi baada ya mechi, jasho bado halijakauka, maswali mawili tu. Lingine refu, siku kadhaa baadaye, mahali anapojisikia nyumbani, bila jezi. Katika hilo refu usiulize "ulijisikiaje?", maana utapata jibu ambalo kila mwanamichezo amelisikia kwenye televisheni. Uliza vitu vinavyoonekana: ulikuwa umesimama wapi, nani alikuja kwanza kukushika, uliporudi nyumbani ulimkuta nani macho. Kwenye filamu moja niliyoihariri, tulikuwa na mahojiano mengi ya nahodha kuhusu uongozi, na yote tuliyaacha. Tulichobakiza ni yeye kwenye basi la kurudi, amekumbatia begi la mipira, akimuuliza mama yake kwenye simu nani atamchukua mdogo wake shuleni kesho. Msaidizi alikuwa ameacha kamera ikiendelea wakati wengine wamelala. Baada ya simu ile mtazamaji alielewa kwa nini msichana huyo alikuwa akifika mazoezini amechelewa na kuadhibiwa kwa kukimbia mizunguko bila kujitetea, na hakuna jibu la mahojiano lililokuwa limesema hivyo.

Hivyo ratiba yako iweke mkazo kwenye siku zisizo na mechi. Kwa kila mechi unayorekodi, rekodi siku mbili za kawaida: mazoezi, jioni nyumbani kwa mhusika aliyekukaribisha, asubuhi ya matokeo ya mtihani. Na timu ikitolewa, usizime kamera. Filamu nyingi za wanaoanza huishia kwenye kilio cha mwisho uwanjani kwa sababu mpigaji picha alikwenda nyumbani. Endelea kwa mwezi mmoja zaidi. Utaona nani bado anakwenda kupiga mpira ukutani, nani ameacha, nani ameshaanza kuzungumzia mwaka ujao, na yule baba aliyepinga michezo anasemaje sasa. Wakitolewa raundi ya kwanza, mwezi huo unakuwa theluthi ya mwisho ya filamu yako, na msimu unakuwa umekupa muda wa kuirekodi.

Ukishapata toleo la awali, kabla halijaonwa na mkuu wa shule, kocha au mtu mwingine yeyote, waonyeshe wahusika, kila mmoja na mzazi wake, si wote pamoja. Wasichana wa umri huo wakiwa kundini hucheka hata kinachowaumiza. Mimi kwa filamu za watoto hutoa haki ya kuondolewa kwa chochote kinachohusu afya, familia na mwili, bila kuomba sababu. Kuhusu mengine nawasikiliza, nasahihisha ukweli uliopotoka, na uamuzi wa hadithi unabaki wangu. Utaogopa kwamba watatoa kila kitu. Kwa niliyoyaona, huomba kidogo sana, na mara nyingi wanachoomba ni kitu ambacho filamu haikukihitaji. Baada ya hapo kubalianeni kwa maandishi itaonyeshwa wapi: ukumbi wa shule, matamasha, televisheni, au intaneti ambako itabaki hata wakiwa watu wazima wanaotafuta kazi. Hiyo ya intaneti iombee ridhaa yake peke yake, kwa fomu yake, na yule mtu asiyewafundisha ndiye aipeleke.